Unataka kununua Volkswagen Beetle ya zamani? Jua kwanza ni ya mwaka gani

Usianzie na rangi wala mazungumzo ya muuzaji, zunguka nyuma uangalie kioo. Kama kimegawanyika vipande viwili na nguzo katikati, hiyo ni ya kabla ya Machi 1953 na ni mali adimu kwelikweli, kikiwa kimoja chenye umbo la yai basi ni ya kati ya hapo na katikati ya 1957, kuanzia Agosti mwaka huo wakaweka kioo kipana cha mstatili.

Halafu njoo mbele. Taa zilizolala kufuata madigadi kwa kawaida ni za kabla ya modeli ya 1968, zilizosimama wima ni za baadaye, na kioo cha mbele kilichopinda ni cha aina iitwayo 1303, ilitoka 1972.

Ila jamani taa na madigadi zinabadilishwa sana! Inua siti ya nyuma, sugua kutu taratibu kwa brashi, namba ya chesisi imegongwa pale kwenye bomba la katikati ya sakafu, ilinganishe na kadi ya gari.

Na usishangae ukikuta ya 2003, Mexico waliendelea kuziunda pale Puebla mpaka Julai mwaka huo, jumla duniani kote ni zaidi ya milioni 21.