Namna ya Kuzifuatilia Kazi za Liv Ullmann, Jukwaani na Kwenye Filamu

Ukitaka kumwelewa Liv Ullmann, mwigizaji na mwongozaji wa Norwei, usizitazame filamu zake kwa kufuata miaka. Maisha yake ya awali yapitie kwa ufupi: alizaliwa Tokyo mwaka 1938 kwa wazazi Wanorwei, akafiwa na baba angali mdogo, akakulia Trondheim, akasomea uigizaji London, na mwaka 1957 akaanza kazi katika ukumbi wa Rogaland Teater mjini Stavanger kwa kuigiza nafasi ya Anne Frank. Ni muhimu kukumbuka kwamba alikuwa mtu wa jukwaa kabla ya dunia kumfahamu kupitia filamu.

Anza na Persona ya mwaka 1966, iliyoongozwa na Ingmar Bergman, na uitazame kwa sauti yake ya Kiswidi pamoja na maandishi ya tafsiri, kwa maana sauti ya kupachikwa huharibu kazi ya namna hii. Ullmann ni Elisabet, mwigizaji aliyenyamaza ghafla katikati ya onyesho, na katika filamu nzima hatamki ila maneno machache mno. Karibu na mwisho, muuguzi Alma, anayeigizwa na Bibi Andersson, anamsimulia Elisabet habari za mtoto ambaye Elisabet alimzaa bila kumtaka. Maneno hayo yanasemwa mara mbili: mara ya kwanza kamera inamkazia Elisabet anayesikiliza, mara ya pili inamkazia Alma anayesema. Rudia ile mara ya kwanza ukiwa umezima sauti, ufuatilie macho na midomo yake tu. Kwa maoni yangu, hakuna somo bora kuliko hili la kumwonyesha mwanafunzi kwamba kusikiliza ni nusu ya uigizaji.

Kisha ruka hadi Höstsonaten ya mwaka 1978. Eva, anayeigizwa na Ullmann, ni binti wa mpiga piano mashuhuri, na anapiga kipande kifupi cha Chopin mbele ya mama yake, anayeigizwa na Ingrid Bergman. Halafu mama anakipiga yeye, ili kumwonyesha bintiye jinsi kinavyostahili kupigwa. Usiiangalie mikono ya mama. Mtazame Eva, ambaye macho yake yameganda kwenye uso wa mama huyo, na utaona uchungu wa miaka mingi ukipita bila neno hata moja.

Utvandrarna ya mwaka 1971 itakuonyesha upande mwingine, kwa kuwa Kristina, mke wa mkulima maskini wa Småland, Uswidi, anayehamia Marekani, anaigizwa na Ullmann kwa mwili mzima: uchovu, mimba, kazi ya shamba. Nafasi hiyo ilimfanya ateuliwe kuwania tuzo ya Oscar kwa mara ya kwanza. Filamu ya Lost Horizon ya mwaka 1973 inaweza kusubiri.

Kazi ya jukwaani haiwezi kutazamwa tena, lakini unaweza kuikaribia kwa kuisoma Et dukkehjem, tamthilia ya Henrik Ibsen, hasa pale Nora anapomketisha mumewe mezani wazungumze kwa dhati. Ullmann aliigiza Nora New York mwaka 1975 na kuteuliwa kuwania Tony, tuzo ya maonyesho ya jukwaani ya Marekani. Ukishaisoma, tazama Scener ur ett äktenskap ya mwaka 1973, ambamo Marianne wake na mumewe Johan wanatoka kutazama tamthilia hiyohiyo ya Ibsen, ilhali ndoa yao wenyewe imeanza kulegea.

Malizia na kazi yake ya uongozaji. Alimwongoza Cate Blanchett jukwaani Sydney mwaka 2009, na mwaka 2022 alikabidhiwa Oscar ya heshima. Lakini filamu ya kutafuta ni Trolösa ya mwaka 2000, aliyoiongoza kwa maandishi ya Ingmar Bergman. Mwanamke anamsimulia mzee mmoja kisa cha usaliti wake, na mzee huyo anaigizwa na Erland Josephson, yuleyule aliyemwigiza Johan. Hesabu ni mara ngapi Ullmann anaipeleka kamera kwa mzee anayesikiliza.