Somo: Shauri lako la ardhi limefutwa kwa sababu hukufika barazani

Habari za leo wanakikundi. Hili limenikuta mwenyewe. Boti yetu kutoka Mwamgongo ilizimika injini, tukaingia Kibirizi, gati ya boti hapa Kigoma, saa nne na nusu. Nimefika baraza la ardhi na nyumba la wilaya nahema, karani ananiambia, "Mzee, limeitwa saa tatu, hukuwepo, limefutwa." Basi shikeni haya.

1. Usirudi nyumbani kulalamika. Pita masjala siku hiyo hiyo, uangalie kwenye jalada shauri lilipangiwa nini. Kanuni inasema shauri hufutwa hivyo siku ya kusikilizwa, na uwe ulipewa taarifa au ulikuwepo tarehe ikipangwa. Kama lilikuja kutajwa tu (yaani kuangaliwa limefikia wapi, si kusikilizwa), hiyo ni hoja nzito.

2. Una siku 30. Ni Kanuni ya 11 ya kanuni za mabaraza ya ardhi na nyumba ya wilaya za mwaka 2003. Maombi ya kurejesha shauri yanapelekwa baraza lile lile. Wengi hukimbilia kufungua shauri jipya, wengine rufaa. Rufaa Mahakama Kuu ni pale baraza likikataa kurejesha.

3. Hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoyaapia, ya kuambatana na maombi. Hapa ndipo watu wanapoanguka. "Nilipata dharura" haimsaidii mwenyekiti wa baraza anayeamua. Andika boti iling'oa nanga saa ngapi, ilizimikia wapi, ulikanyaga Kibirizi saa ngapi. Ukimtaja nahodha, naye aape hati yake, maana maneno yake yakitoka kinywani mwako ni tetesi tu. Vivyo hivyo ukisema karani alikupa tarehe nyingine. Kama uliugua, weka cheti cha hospitali cha siku ile ile, si cha wiki iliyofuata (wenyeviti wanasoma tarehe, msijidanganye).

4. Lipia, pangiwa tarehe, mpelekee mjibu maombi (yule unayemdai) nakala. Safari hii lala mjini.

MASWALI

Siku 30 zimeshapita, nilikuwa namuuguza mama. Nimekwisha?
Hapana dada. Anza na maombi ya kuongezewa muda. Ila kila siku ya kuchelewa iwe na maelezo yake. Mama akiwa alitoka wodini tarehe 5 nawe ukaja tarehe 20, zile siku za katikati utaulizwa.

Wakili ndiye hakutokea, mimi nilimwamini.
Pole sana. Uzembe wa wakili kwa kawaida haukubaliwi kuwa sababu. Mteja anatakiwa kulifuatilia shauri lake.

Na mjibu maombi asipokuja?
Baraza linaweza kusikiliza upande mmoja. Naye akitaka amri iondolewe, ana siku 30 hizo hizo.

Baba ana miaka themanini, boti haziwezi tena. Lazima aje yeye?
Si kila mara. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi inaruhusu ndugu au mtu wa kaya yake kumwakilisha kwenye baraza la wilaya. Mjulishe karani mapema kwamba utasimama wewe. Siku ya baba kutoa ushahidi, hapo mtafute boti ya jana yake.