Kahawa ya barafu ya vijana wa Jakarta, tunaitengeneza Mbeya kwa sukari guru

Yaani kahawa inalimwa hapo Mbozi tu, afu ukimwambia mshkaji wa Mwanjelwa twende tukanywe kahawa anakuangalia kama umezeeka ghafla, eti kahawa ni ya wazee wa bao na kashata. Vijana wa Indonesia wao hawana hiyo habari. Wana kinywaji chao kinaitwa kopi susu gula aren, ni kahawa, maziwa, barafu na sukari ya kahawia inayotoka kwenye utomvu wa mti wa jamii ya minazi. Kuna kaduka kanaitwa Tuku, kusini mwa Jakarta, kalianza 2015 kakiita ya kwao "ya jirani", na 2017 Jokowi, rais wa Indonesia wa wakati huo, mwenyewe akapita kununua. Glasi moja unakaa nayo masaa mawili unapiga stori, wenyewe wanaita nongkrong, sisi tunasema tupo kijiweni.

Sukari ya aren hapa huipati, chukua sukari guru. Kipande cha kama ngumi ya mtoto kiponde, weka nusu kikombe cha maji na chumvi punje chache, chemsha moto mdogo mpaka iwe nzito kama asali mpya. Chuja tafadhali, sukari guru ina vijiti na mchanga, mara ya kwanza sikuchuja nikawa natafuna. Na usije ukaichemsha pamoja na maziwa, yanakatika, mimi nilimwaga lita nzima ya maziwa ya Tukuyu huku mama ananiangalia tu.

Kahawa sasa. Mashine ya espreso hatuna na wala usijali, hata kwao kuna kahawa ya zamani inaitwa tubruk, unamwagia maji ya moto kwenye unga wa kahawa unaacha machicha yatulie chini. Weka vijiko vitatu vya chakula vya kahawa ya kusaga (sio ile ya kuyeyuka ya kwenye kopo, itakuwa kinywaji kingine kabisa), maji nusu kikombe yaliyotoka kuchemka, funika dakika nne au tano, chuja kwa kitambaa safi. Iwe kali, ukiionja ukunje uso, maana barafu na maziwa vitaipooza. Afu iache ipoe kabisa!! Ukimwagia ya moto kwenye barafu unapata maji ya rangi.

Kupanga kwenye glasi: sukari vijiko viwili chini, barafu mpaka juu, maziwa ya baridi yaliyochemshwa tayari robo tatu ya glasi, kahawa mwisho, mwagia taratibu juu ya kipande cha barafu. Unaiona inashuka kwenye maziwa kama moshi, chini sukari imetulia nyeusi. Hapo ndo watu wanatoa simu.

Najua Juni na Julai Uyole hakuna mtu anataka barafu, wewe pasha maziwa, sukari weka mwishoni.

Ukiwa na wageni wengi changanya kwenye chupa ya lita moja bila barafu, Indonesia wakati wa korona 2020 maduka yalikuwa yanauza hivyo hivyo watu wanywee nyumbani. Kwenye friji siku mbili inatosha, na tikisa kabla ya kumimina, sukari yote inakuwa imelala chini na wa mwisho ndo anakunywa sharubati.