Itazame Pályamunkások kama mhariri

Mimi ni mhariri wa video za harusi. Kijana akija kujifunza kwangu, kabla hajagusa kompyuta namwonyesha filamu fupi ya Hungaria, Pályamunkások, inayohusu mafundi wa njia ya reli. István Gaál aliitengeneza mwaka 1957 akiwa bado mwanafunzi wa filamu Budapest, na kamera alishika mwenzake Sándor Sára. Ni ya dakika chache tu, nyeusi na nyeupe. Gengi la reli liko kazini, treni inapita, kazi inaendelea. Hadithi ni hiyo, usihangaike kutafuta nyingine.

Mara ya kwanza zima sauti. Kila picha inapobadilika, gonga meza kwa kidole. Usihesabu, sikiliza tu kidole chako kinaenda mbio wapi na kinatulia wapi.

Mara ya pili fumba macho, washa sauti. Wanafunzi hucheka hapa, lakini wacheke huku wakisikiliza.

Mara ya tatu ndiyo yenye kazi. Chagua sehemu moja ambapo mtu ananyanyua kifaa na kukishusha kwenye kokoto. Simamisha, rudisha nyuma, ipeleke polepole. Mkato, yaani pale picha moja inapoishia na nyingine kuingia, umekuja kabla chuma hakijagusa chini, palepale kinapogusa, au baadaye kidogo? Rudia hadi uweze kutabiri picha inayofuata itaingia lini. Kisha fanya hivyohivyo treni inapofika.

Kuna atakayeuliza mbona hakuna msimulizi. Mkumbushe mwaka. Novemba 1956 vifaru vya Kisovieti vilizima uasi wa Wahungaria, na filamu nchini zilikuwa mikononi mwa dola. Filamu za habari za enzi hizo zilipenda kumwimbia mfanyakazi sifa. Gaál hakumwimbia kitu, alimwacha afanye kazi yake tukimwona. Kwangu mimi hiyo ni heshima kubwa kuliko hotuba.

Sasa shika simu yako. Tafuta kazi yenye mdundo: mtu anatwanga, fundi anaranda mbao. Mpige picha mikono, kifaa, uso, kisha unganisha bila muziki wowote. Mkato ukikushinda, usikimbilie wimbo kuuficha. Rudi ukapige picha upya.

Siku hizi hata ngoma ya kumtoa bwana harusi naikata kwa kufuata mikono ya wapigaji. Wimbo wa studio nauweka mwishoni kabisa, tena mteja akiuulizia.