Taroti kwa mtu anayejua kopa na shupaza

Mwezi wa saba Mbeya baridi inakata masikio, na ndiyo miezi yangu ya kula. Nauza makoti ya mitumba Mwanjelwa. Kabla ya kutundika koti huwa napekua mifuko, maana nimeshaokota tiketi za treni, funguo, hata meno ya bandia. Mwaka juzi, kwenye koti zito la sufu lililochanika bitana, mkono ulizama hadi kwenye pindo na kutoka na karata zilizofungwa kwa mpira, ndefu kuliko zetu. Ya juu kabisa ilikuwa mifupa imevaa deraya nyeusi, imepanda farasi mweupe.

Mama anayeuza sweta meza ya pili alitaka zichomwe pale pale. "Kaka yangu, hiyo ni ramli ya Kizungu." Sikuchoma. Ni karata za taroti. Nimezikalia miaka miwili, na kama na wewe zimekuangukia, au unaziona tu kwenye simu na hujui pa kuanzia, anza kwa kuzihesabu.

Pakiti kamili ina karata 78. (Zangu 75. Tatu zimebaki huko lilikotoka koti.) Zitenge mafungu mawili. La kwanza ni karata 56, nazo hazina miujiza yoyote: aina nne, kila aina 14, kuanzia moja hadi kumi, halafu wakubwa wanne badala ya watatu tuliowazoea, yaani mtumishi, mpanda farasi, malkia na mfalme. La pili ni karata 22 zenye majina: Mpumbavu, Mnara, Mwezi, Kifo na wenzao.

Sasa zitazame zile aina nne. Utaona vikombe, sarafu, panga na magongo, na utadhani ni mambo mageni. Siyo. Hapa mcheza karata wa Kiswahili ameshaanza mbele ya wengi, kwa sababu majina yetu tuliyachukua kwa Wareno. Kopa ni *copas*, vikombe. Uru ni *ouros*, dhahabu. Shupaza ni *espadas*, panga. Pau ni *paus*, magongo. Karata tunazonunua dukani zina alama za Kifaransa, ndiyo maana kwenye kopa unaona moyo, lakini jina halikubadilika. Miaka yote nimekuwa nikigonga shupaza mezani huku nikitaja upanga bila kujua. Basi usikariri kitu: vikombe viite kopa, sarafu uru, na kuendelea. Wanaotumia taroti kwa mambo ya siri huongeza kwamba pau ni moto, kopa maji, shupaza hewa na uru ardhi. Kwa fimbo, kikombe na sarafu inaingia akilini. Upanga kuwa hewa mimi bado unanisumbua.

Na zile 22? Ni turufu. Sisemi kwa mfano. Wareno husema *trunfo*, Waitaliano walisema *trionfi*, na hilo *trionfi* ndilo jina la zamani la karata hizi. Kwenye mchezo wenyewe hamkubaliani leo turufu iwe kopa au pau. Turufu ni hizo, zinakula karata zote za kawaida, isipokuwa Mpumbavu mwenye kanuni zake. Ufaransa na Austria wanaucheza hadi leo.

Historia yake ishike hivi, usipotezwe na hadithi za mtandaoni. Karata ziliingia Ulaya miaka ya 1370 kutoka kwa Mamluki waliotawala Misri (ndiyo, neno lile lile tunalomrushia mwanasiasa aliyenunuliwa). Zilikuwa na vikombe, sarafu, panga na fimbo za polo. Wazungu wa wakati ule hawakuujua mchezo wa polo, fimbo zikageuka magongo. Turufu ziliongezwa kaskazini mwa Italia kwenye miaka ya 1440, na matajiri wa Milan wakachorewa za kwao kwa dhahabu. Kwa zaidi ya miaka 300 zilikuwa mchezo. Ndipo mwaka 1781, Mfaransa Antoine Court de Gébelin akaandika kwamba hizi ni kitabu cha siri cha makuhani wa Misri ya kale. Wakati huo hakuna aliyeweza kusoma maandishi ya Misri kumbishia. Msomi Mfaransa Champollion aliyafumbua mwaka 1822. Wafaransa wengine wakafuata: Etteilla akazifanya biashara ya utabiri, Éliphas Lévi akazifunga na herufi 22 za Kiebrania, na wana-siri wa London wakaendeleza.

Hatua inayofuata ni kujua umeshika pakiti ya ukoo gani. Tafuta namba 8. Ikiwa ni mwanamke mwenye mizani, yaani Haki, una za mtindo wa zamani wa Marseille, Ufaransa. Ikiwa ni mwanamke anayemshika simba kinywa, huenda una zile za mwaka 1909, ambazo Arthur Edward Waite, mmoja wa wana-siri wale wa London, aliziagiza kwa mchoraji Pamela Colman Smith. Waite aliwafuata wana-siri wenzake waliobadilishana 8 na 11. Kwa uhakika zaidi, kagua pembeni chini: Smith ameweka saini yake, herufi zilizojiviringa kama nyoka, karibu kwenye kila karata. Alilipwa kidogo na akafa maskini mwaka 1951.

Ukishajua hayo, chukua karata moja na uitazame kama unavyokagua koti, mshono kwa mshono. Ile Kifo yangu: mfalme ameshalala chini, askofu anaomba kwa mikono miwili, mtoto amepiga magoti na kumtazama farasi bila woga. Nyuma kabisa, kati ya minara miwili, jua. Hilo jua niliishi nalo miezi mitatu kabla sijaliona.

Halafu linganisha na ya zamani. Namba 12, mtu aliyening'inizwa kwa mguu mmoja, Italia ilikuwa picha ya msaliti. Wasaliti walichorwa hivyo ukutani ili waaibike. Smith amemzungushia nuru kichwani kama mtakatifu.

Majirani huja kuniomba niwaangalizie mume au deni. Nawaambia mimi nauza makoti.

Karata ya kumwonyesha mwenye wasiwasi ni namba 1. Kwa Waite ni Mchawi: mkono mmoja juu, na mezani pake kuna kikombe, upanga, sarafu na gongo, aina zote nne. Kwa Marseille ni mcheza mazingaombwe wa sokoni, kofia pana, vikombe na takataka ndogondogo juu ya meza, ndugu kabisa wa wale wa karata tatu wanaokula nauli yako stendi. Nilimwekea yule mama zote mbili, moja kwenye pakiti na nyingine kwenye simu. Ile ya Marseille aliishika muda.

"Huyu ni mchuuzi," akasema. "Na meza yake ina mguu mbovu kama wangu."

Nikaitazama tena. Miguu inaonekana mitatu tu.