Kumtoa mjusi kafiri bila kumuumiza

Jamani mjusi kafiri msimpige na fagio, atakata mkia tu akimbilie nyuma ya kabati. Magharibi ikiingia zima taa zote za ndani, washa ya barazani peke yake, dirisha la upande huo liache wazi kidogo. Yeye anafuata wadudu na wadudu wanafuata taa, kwa hivyo wakihamia nje naye atawafuata huko huko ukutani, kisha funga mapema maana mbu wa Mombasa mwawajua. Ila kama jikoni kuna mende na makombo hatoki ng'o, chakula si anacho hapo. Na nyuma ya fremu za picha ukikuta vile vimayai viwili vyeupe vigumu, vihamishe nje kivulini polepole, usivigeuzegeuze.