Kabla Hujapeleka Alama Zako Mahakama Kuu

Vijana wanaokuja kuchapisha barua kwenye steshenari yangu hapa Manzese, Dar es Salaam, huanza hivi: "Kaka, nimeonewa. Kwenye usaili wa kazi nimepata 48, waliopita ni kuanzia 50." Mimi huwauliza kwanza: uamuzi una tarehe gani?

Nauliza kwa uchungu. Mwaka 2019 nilifanya usaili wa mchujo wa taasisi moja ya umma, nikapungukiwa alama mbili. Nilipoonyeshwa karatasi yangu, swali la 5 nililomalizia nyuma ya ukurasa halikuwa na tiki wala kosa. Kalamu nyekundu haikufika kule. Ofisa akaniambia, "Rudi wiki ijayo." Nikarudi, nikarudi tena, hadi ikapita miezi saba. Kumbe kanuni za mwaka 2014 za mapitio ya mahakama, yaani Mahakama Kuu kukagua kama uamuzi wa ofisi ya umma umefuata sheria, zinatoa miezi sita tu tangu uamuzi, uwe umeshaomba kibali, yaani ruhusa ya kufungua maombi hayo. Ukichelewa unaomba kuongezewa muda, na hapo unatakiwa ueleze kila siku iliyopotea. Zile "rudi wiki ijayo" zangu hazikuandikwa popote.

Kwa hiyo lalamika kwa barua, wiki hiyohiyo. Chapisha nakala mbili, peleka masjala, ya kwako igongwe muhuri wa kupokelewa. Simama hapohapo uisome tarehe. Wino ukiwa umefifia, omba wagonge tena, usione aibu. Taasisi ikiwa na ngazi ya rufaa, ipande kwanza, maana jaji atauliza kwa nini umeiruka. Lakini huku unapanda, miezi yako sita ihesabu.

Kwenye maombi usiandike "nilistahili 60". Jaji hasahihishi mitihani. Anachoangalia ni kama sheria na utaratibu vimefuatwa, basi hicho ndicho umwonyeshe: swali limeachwa, majumlisho yamekosewa, wengine wamesahihishiwa kwa mwongozo tofauti, au rufaa yako imetupwa bila kusikilizwa. Hilo la mwisho lina ibara yake kwenye Katiba, 13(6)(a).

Maombi ya kibali huenda na maelezo yako pamoja na kiapo. Ambatisha barua zote. Mwanasheria Mkuu wa Serikali naye huunganishwa kwenye shauri. Kibali kikitoka una siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Mtafute wakili mapema. Kama huna uwezo, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imetungwa kwa ajili ya watu kama wewe.

Na uende ukijua unachokifuata. Ukishinda, mahakama inaweza kuufuta uamuzi au kuiamuru taasisi ilisikilize upya lalamiko lako kwa kufuata sheria. Kazi haikupi. Atakayekuahidi kazi ili umpe hela, mkimbie.

Bahasha ya matokeo usiitupe. Muhuri wa posta unaonyesha barua ilitumwa lini, na mimi ya kwangu niliichana njiani, kwenye daladala.